Somo la 9: Mfalme Penye Njia Panda

SABATO MCHANA

Soma kwa ajili ya somo la juma hili: Ezekieli 21:18–27, Mambo ya Walawi 3:1–5, Kumbukumbu la Torati 18:9–15, Yeremia 38:14–28, Matendo 19:18–20, Waebrania 4:12, 13.

Fungu la kukariri: Isaya 8:19, 20. Kila mwanafunzi alisome katika Biblia yake, alikariri, na awe tayari kulieleza kwa maneno yake mwenyewe darasani.

Jeshi la Babeli limefika mahali barabara inapogawanyika. Njia moja inakwenda Raba, mji wa Waamoni. Nyingine inakwenda Yerusalemu. Miji yote miwili imemkasirisha mfalme, naye anataka kujua aanze na upi. Anatikisa mishale kama mtu anayepiga kura. Anauliza sanamu zake. Kisha kondoo anachinjwa, tumbo linapasuliwa, na ini lake linatazamwa kwa makini. Askari wanangoja. Uhai wa maelfu ya watu, wanawake na watoto wakiwamo, unategemea kile ambacho waaguzi watasema wamekiona katika kipande cha nyama kisichozidi kiganja cha mkono kwa mengi.

Nabii Ezekieli aliionyeshwa picha hiyo akiwa uhamishoni. Ni mahali pa pekee katika Biblia panapotaja waziwazi desturi ya kusoma ini la mnyama ili kujua mambo yajayo. Juma hili tutajifunza desturi hiyo ilikuwaje, kwa nini Mungu aliwakataza watu wake wasiifuate, na kwa nini haijaisha. Kila mtu hufika penye njia panda siku moja: ugonjwa usioeleweka, ndoa, safari, kesi ya shamba. Hapo swali ni moja. Je, tutamwendea nani?

JUMAPILI: Ini la Kondoo

Soma Ezekieli 21:21. Mfalme wa Babeli alitumia njia ngapi za kutafuta shauri? Kwa nini unadhani hakuridhika na moja?

Kwa Wababeli na Waashuri kusoma ini ilikuwa elimu, tena elimu yenye heshima kubwa. Mtaalamu wake aliitwa baru, yaani mtazamaji. Alijifunza kwa miaka mingi, alitakiwa awe safi, na alihudumu karibu na mfalme. Majeshi yalipokwenda vitani, watazamaji walikwenda nao.

Kazi yenyewe ilifanyika hivi. Mwaguzi aliomba kwa Shamashi, mungu wa jua, na kwa Adadi, mungu wa tufani. Alimnong'oneza kondoo swali sikioni. Waliamini kwamba miungu ingeandika hukumu yake ndani ya mwili wa mnyama huyo, kama mwandishi aandikavyo kwenye kibao cha udongo. Mnyama alipopasuliwa, mwaguzi alichunguza ini sehemu kwa sehemu, akaangalia mfuko wa nyongo, mapafu, na hata kuhesabu mikunjo ya utumbo. Kila sehemu ya ini ilikuwa na jina lake. Moja iliitwa njia, nyingine lango la ikulu, nyingine kidole. Upande wa kulia ulikuwa wa mfalme, na upande wa kushoto ulikuwa wa adui. Kwa hiyo kovu upande wa kulia lilikuwa habari mbaya, bali kovu kama hilo upande wa kushoto lilikuwa habari njema.

Elimu hiyo iliandikwa. Katika Jumba la Makumbusho la Uingereza, mjini London, kuna ini la kondoo lililofinyangwa kwa udongo, lenye umri wa miaka zaidi ya 3,500. Limegawanywa kwa mistari kuwa vyumba vidogo vidogo, kila kimoja kina tundu na maandishi yanayoeleza maana ya alama ikionekana mahali hapo. Katika magofu ya ikulu ya Mari, kando ya mto Frati, yalipatikana maini ya udongo 32. Na katika maktaba ya mfalme Ashurbanipal huko Ninawi kulikuwa na mfululizo wa vibao karibu 100 vilivyohusu elimu hii peke yake.

Tusiwadharau watu hao kana kwamba walikuwa wajinga. Walikuwa na hesabu, sheria, na maktaba. Walitazama kwa makini kuliko wengi wetu tunavyosoma Biblia zetu. Kosa lao halikuwa uvivu wa akili. Walitafuta neno la mbinguni mahali ambapo Mungu hakuliweka.

Tafakari: Mwaguzi wa Babeli alitumia miaka mingi kujifunza kusoma ini. Wewe umetumia muda gani juma hili kujifunza kusoma Neno?

JUMATATU: Babeli Walilisoma, Israeli Walilichoma

Soma Mambo ya Walawi 3:3–5, 9–11 na 14–16. Ni sehemu zipi za mnyama zilizotakiwa kuteketezwa juu ya madhabahu?

Msomaji wa haraka huzipita aya hizi. Mafuta, figo mbili, kitambi cha ini: zinaonekana kama orodha ya mchinjaji. Lakini hebu tuzisome tukikumbuka somo la jana. Waisraeli hawakuishi peke yao duniani. Jirani zao walisoma maini, na desturi hiyo ilikuwa imefika ndani ya Kaanani kwenyewe. Huko Hazori, mji ambao Yoshua aliuteketeza kwa moto (Yoshua 11:10, 11), wachimbaji wa mambo ya kale walipata vipande vya ini la udongo vyenye maandishi ya uaguzi.

Sasa tazama alichoagiza Mungu. Sadaka ya amani ilipoletwa, kuhani alikitwaa kitambi cha ini pamoja na figo na kukiteketeza mara moja juu ya madhabahu. Wataalamu wengi wa Biblia wanaona kwamba kitambi hicho ndicho kile kipande kidogo cha ini kinachochomoza, ambacho Wababeli walikiita kidole na kukichunguza sana. Biblia haisemi kwamba agizo hilo lilitolewa kwa sababu ya waaguzi. Hata hivyo matokeo yake yanaonekana. Kipande kile ambacho mwaguzi wa Babeli alikishika mkononi na kukigeuzageuza, kuhani wa Israeli alikitia motoni. Hakuna aliyepewa nafasi ya kukisoma. Babeli walilisoma ini, Israeli walilichoma.

Katika hema ya kukutania mnyama hakuchinjwa ili aseme siri. Alichinjwa kwa ajili ya upatanisho na ushirika kati ya Mungu na mtu. Huko Babeli damu ilimwagwa ili mtu apate habari. Huko hemani damu ilimwagwa ili mtu apate amani na Mungu wake. Hapo ndipo tofauti kubwa ya dini hizi mbili.

Soma Kumbukumbu la Torati 18:9–15. Baada ya kukataza kila aina ya uaguzi, Mungu aliahidi kuwapa nini watu wake?

Mara nyingi tunaishia aya ya 14, tukatoka na orodha ya makatazo. Aya ya 15 ndiyo yenye utamu. Mungu hawaachi watu wake wakiwa hawana wa kumwuliza. Anaahidi nabii kutoka miongoni mwa ndugu zao, atakayesema nao kwa maneno wanayoyaelewa. Kanisa la kwanza lilimtambua nabii huyo kuwa ni Yesu (Matendo 3:20–22). Mungu anapofunga mlango wa mwaguzi, anafungua mlango wa Mwana.

Tafakari: Je, mahubiri yetu juu ya uganga huishia kwenye makatazo, au tunawafikisha watu kwa Yule aliyeahidiwa?

JUMANNE: Njia Mbili, Neno Moja

Soma Ezekieli 21:18–23. Nani aliyechora njia mbili kwanza, mfalme au nabii?

Agizo la kuchora njia mbili lilitolewa kwa Ezekieli. Aliambiwa aweke kibao mwanzo wa njia, kionyeshe upande wa Raba na upande wa Yerusalemu. Katika maono hayo mfalme hajakunywa hata maji ya safari, na tayari Mungu amekwisha kueleza atasimama wapi na atageukia wapi. Kisha kura inaangukia mkono wa kuume: Yerusalemu. Mwaka 588 K.K. mji ulizingirwa, na mwaka 586 K.K. ukaanguka, hekalu likateketezwa.

Je, basi ini lilisema kweli? Swali hili huwasumbua wengi, maana hata leo tunasikia watu wakisema, “Lakini mganga alinitajia mambo yangu yote, na yakawa.” Tusikimbilie kujibu. Kwanza, Ezekieli hasemi kwamba ini lilikuwa na uwezo wowote. Hukumu ya Yerusalemu ilikuwa imetangazwa na manabii kwa miaka mingi, kwa sababu ya damu isiyo na hatia na sanamu zilizojaa mjini (Ezekieli 22:1–5). Pili, Mungu anaweza kumwongoza mfalme mpagani afike mahali fulani bila kuibariki njia aliyotumia kuamua. Tatu, Maandiko yanatuonya kwamba hata ishara ikitimia, mtu akitumia ishara hiyo kutuvuta tumwache Bwana, hatupaswi kumsikiliza (Kumbukumbu la Torati 13:1–4). Kutimia kwa neno hakutoshi. Tuulize neno hilo linatupeleka kwa nani.

Aya ya 23 inatuonyesha upande wa pili. Watu wa Yerusalemu waliposikia, waliona ni uaguzi wa uongo tu. Wakaupuuza. Lakini je, waliupuuza kwa sababu walimtegemea Mungu? Hasha. Ndani ya mji wao walikuwa na waaguzi wao wenyewe, waliotabiri amani kwa jina la Bwana naye hakuwatuma (Ezekieli 13:6–10). Waliukataa uaguzi wa Babeli kwa kuwa haukuwapendeza, wakaukubali wa nyumbani kwa kuwa uliwabembeleza. Mfalme wao Sedekia alikuwa amemwapia Nebukadneza kwa jina la Mungu, kisha akavunja kiapo (2 Mambo ya Nyakati 36:13). Kucheka ini la kondoo wa jirani hakumfanyi mtu kuwa mwamini.

Soma Ezekieli 21:25–27. Taji inaondolewa mpaka aje nani?

Katikati ya maneno mazito ya upanga kuna ahadi. Yuko mmoja mwenye haki ya kutawala, naye atapewa. Ezekieli hakuiona sura yake, lakini sisi tunalijua jina lake. Mfalme wa Babeli alisimama penye njia panda hajui aende wapi. Yesu ndiye aliyesema kwamba yeye mwenyewe ni njia (Yohana 14:6).

Tafakari: Ni maneno gani ya Mungu ambayo umekuwa ukiyaita makali mno, huku ukitafuta mtu wa kukuambia yaliyo laini?

JUMATANO: Kuuliza Mpaka Jibu Lipendeze

Soma 2 Wafalme 19:36, 37. Aya hizi zinawataja Senakeribu na mwanawe Esarhadoni. Wafalme hawa wawili wanatusaidia kuona ndani ya moyo wa mtu anayeuliza kwa waaguzi.

Mwaka 705 K.K. Sargoni, babaye Senakeribu, aliuawa vitani, wala maiti yake haikuzikwa nyumbani. Kuna maandishi ya Kiashuri yanayosimulia jinsi Senakeribu alivyotaka kujua baba yake alifanya dhambi gani hata akapatwa na msiba huo. Aliwaita wasoma maini, lakini kwanza akawagawa makundi mbalimbali, wasipate kusemezana. Mfalme aliyetegemea waaguzi hakuwaamini waaguzi wake.

Maswali ya Esarhadoni kwa Shamashi yamehifadhiwa pia kwenye vibao vya udongo. Je, adui huyu atauteka mji ule katika siku hizi? Je, mtu huyu nikimpa cheo atakuwa mwaminifu, au ataniasi? Aliomba jibu la ndiyo lililo thabiti. Lakini ndani ya maombi hayo kuna sehemu ndefu ya udhuru: kama kondoo ana kasoro, kama mtu najisi amepita mahali hapa, kama mwaguzi amekosea kutamka, basi hayo yasihesabiwe. Na jibu lilipokuwa baya, iliwezekana kumchinja kondoo wa pili, na wa tatu. Huyu alikuwa mmoja wa watu wenye nguvu kuliko wote duniani, na maswali yake yamejaa hofu. Mwenye kuuliza hivyo hapati usingizi.

Soma Yeremia 38:14–28. Sedekia aliuliza nini, na kwa nini alitaka mazungumzo yawe siri?

Sedekia hakuwa na haja ya ini la kondoo. Alikuwa na nabii wa kweli ndani ya ua wa walinzi. Alikuwa amemwita kwa siri hapo awali (Yeremia 37:17), na sasa anamwita tena. Jibu lilikuwa wazi: ajisalimishe, naye ataishi, na mji hautateketezwa. Hakukuwa na fumbo la kufumbua. Tatizo la Sedekia halikuwa kutojua. Aliwaogopa watu (aya ya 19). Basi akaendelea kuuliza badala ya kutii, mpaka siku ya kuuliza ikapita. Jambo la mwisho ambalo macho yake yaliona ni kuuawa kwa wanawe (2 Wafalme 25:7).

Hapa somo linatugusa sisi tusiokwenda kwa waganga. Mtu anaweza kumtumia nabii wa Mungu kama mwaguzi. Anaweza kufanya hivyo hata kwa Biblia: anafumba macho, anaifungua popote, anaweka kidole, na kisichompendeza anafungua tena. Hiyo ni kutikisa mishale kwa kutumia kitabu kitakatifu. Au anazunguka kwa wazee watano wa kanisa akiomba ushauri mpaka apate wa sita atakayekubaliana naye. Maswali mengi tunayomwuliza Mungu alikwisha kuyajibu. Tunachongojea ni jibu jingine.

Tafakari: Je, liko jambo ambalo unaendelea kuliombea mwongozo ingawa unajua tayari Mungu anataka ufanye nini?

ALHAMISI: Kutoka Babeli Hadi Uani Kwetu

Soma Isaya 47:12–14 na Danieli 5:7, 8. Elimu ya waaguzi iliisaidiaje Babeli siku ya taabu?

Nabonido, babaye Belshaza, alikuwa mpenzi mkubwa wa elimu hii. Alimweka binti yake kuwa kuhani wa mungu mwezi huko Uru baada ya kuthibitisha jambo hilo kwa kusoma maini. Hata hivyo Babeli ulianguka mwaka 539 K.K., na usiku wa karamu hakuna mtaalamu aliyeweza kusoma maandishi ya ukutani. Walioweza kusoma ini walishindwa kusoma mkono wa Mungu.

Babeli ulianguka, lakini desturi haikuanguka nao. Mwaka 1877 mkulima mmoja karibu na Piacenza, Italia, alifukua ini la shaba lenye majina ya miungu ya Waetruski. Warumi walijifunza uaguzi huo kwa Waetruski, wakautumia katika mambo ya serikali. Cicero, aliyeandika juu ya uaguzi mwaka 44 K.K., anasimulia kwamba mzee Cato alikuwa akishangaa inakuwaje msoma matumbo akutane na mwenzake bila kucheka. Walicheka pembeni, lakini waliendelea kuchinja.

Hata mfalme Konstantino hakuachana na jambo hilo kabisa. Mwaka 319 B.K. alikataza wasoma matumbo wasiingie katika nyumba za watu binafsi, lakini akaruhusu huduma yao hadharani. Muda mfupi baadaye aliagiza kwamba jengo la ikulu likipigwa na radi, wasoma matumbo waulizwe maana yake. Huyu ndiye aliyetoa sheria ya siku ya Jua mwaka 321. Jina la Kristo na shauri la mwaguzi vilikaa nyumba moja. Hivyo ndivyo mchanganyiko unavyoingia kanisani: mlango wa mbele unafungwa, wa uani unaachwa wazi.

Nasi Afrika Mashariki tusijifanye wageni wa habari hii. Miongoni mwa Waturkana na Wakaramojong, wazee wamesoma matumbo ya mbuzi kutafuta habari za mvua, malisho, na mashambulizi. Katika ikulu ya wafalme wa Rwanda ya kale vifaranga, kondoo dume na mafahali walichinjwa kwa ajili ya kuragura, neno ambalo ni ndugu ya kuagua kwetu. Usukumani, mfumu hupasua kuku na kusoma alama ndani yake.

Fikiri juu ya mama mmoja mshiriki. Mtoto wake yuko kitandani juma la tatu, homa inapanda na kushuka. Amekwenda zahanati, amepewa dawa, bado. Shangazi wa mumewe anamjia jioni na kusema, “Mwanangu, twende tukaangalie tu. Kuangalia si dhambi. Ukijua ni nani, utajua la kufanya.” Neno lenyewe ni dogo: kuangalia. Lakini sikiliza sehemu ya pili: ukijua ni nani. Kuku akishapasuliwa, mara nyingi linatafutwa jina, na jina hilo huwa la jirani, au mke mwenza, au bibi mzee anayeishi peke yake. Katika nchi yetu wanawake wazee wameuawa kwa kutuhumiwa uchawi, wengine kwa sababu ya macho mekundu tu, macho yaliyozeeka katika moshi wa kuni. Kiswahili kina usemi wa maneno yanayokata maini. Jina linalotoka kwa mwaguzi hukata maini ya familia nzima, na wakati mwingine hukata zaidi ya hapo. Ndiyo maana Mungu alikataza. Hakutunyima elimu. Alimlinda yule bibi.

Na yule mama anahitaji nini kwetu? Si hotuba. Anahitaji dada wawili wa kanisa wa kukesha naye, mzee wa kanisa wa kumwombea mgonjwa kama Yakobo 5:14 inavyoagiza, na mtu wa kumpatia nauli ya kwenda hospitali kubwa kupimwa. Tukimwacha peke yake na shangazi, tusishangae akimfuata.

Tafakari: Katika kundi lenu, ni nani aliye penye njia panda sasa hivi? Nani atakwenda kwake kabla ya Sabato ijayo?

IJUMAA: Jifunze Zaidi

Soma Waebrania 4:12–16, Yeremia 17:9, 10, na Zaburi 139:23, 24.

Mwaguzi alipasua mnyama ili asome mawazo ya miungu. Maandiko yanaugeuza mfano huo. Mungu ndiye anayesoma, na kinachosomwa ni sisi. Neno lake linapenya hadi ndani kabisa, penye viungo na mafuta yaliyomo mifupani, na kuyapambanua makusudi ya moyo. Yeremia anasema Bwana huchunguza moyo na viuno. Katika Kiebrania neno hilo la viuno ni figo, zile zile zilizoteketezwa pamoja na kitambi cha ini juu ya madhabahu. Hakuna kilichofichika mbele zake. Kama habari ingeishia hapo, tungeogopa kuliko Esarhadoni. Lakini waraka unaendelea. Anayetusoma ndiye Kuhani Mkuu anayetuchukulia udhaifu wetu, naye anatuita tukikaribie kiti cha neema kwa ujasiri.

Kwa hiyo si kila swali litajibiwa. Wanafunzi walipomwuliza Yesu juu ya nyakati, aliwaambia kwamba hayo si yao kuyajua, kisha akawapa ahadi ya Roho na kazi ya kufanya (Matendo 1:6–8). Mkristo anaweza kusimama penye njia panda bila kujua mwisho wa njia, na bado akatembea, kwa kuwa anamjua anayetembea naye.

Huko Efeso walikuwako waumini waliokuwa bado wameficha vitabu vya uganga nyumbani. Jina la Bwana Yesu lilipotukuzwa, walikuja wenyewe, wakaungama, wakavileta vitabu hadharani na kuviteketeza. Thamani yake ilikuwa vipande vya fedha 50,000 (Matendo 19:18–20). Hawakuviuza wapate fedha, wala hawakumpa jirani. Luka haandiki kwamba Paulo alipekua nyumba ya mtu. Kama kuna hirizi chini ya mto, au namba ya simu ya mtu unayemwendea usiku, mlango wa kurudi uko wazi leo. Kanisa linapaswa kuwa mahali ambapo anayeungama anapokelewa, wala habari zake hazizungushwi sokoni.

Maswali ya Kujadili

1. Mtu akisema, “Mganga alinieleza kweli,” utamjibuje bila kumdhihaki? Tumieni Kumbukumbu la Torati 13:1–4 na Ezekieli 21:18–23.

2. Kuna tofauti gani kati ya kumwomba Mungu mwongozo na kutaka kujua yajayo? Toeni mifano kutoka maisha ya kila siku: mtihani, ndoa, biashara.

3. Wengine huwaendea watu wanaojiita manabii ili watajiwe adui zao kwa jina la Yesu. Jadilini desturi hiyo kwa kuilinganisha na yale mliyojifunza Jumatano na Alhamisi.

4. Rudini kwa yule mama mwenye mtoto mgonjwa. Kama amekwisha kwenda na shangazi yake, na sasa analia kwa majuto nyuma ya kanisa, kundi lenu lifanye nini kwanza? Na je, ni nani atakayekwenda kumsalimu yule jirani aliyetajwa jina?